Mwaka wa Nyongeza

Mishumaa ilikuwa inawaka juu ya keki, na Bigyan alikuwa ameganda mbele yake. Leo pasipoti yake ilisema ametimiza miaka thelathini na mitatu, na umri huo humpunguzia pointi mtu anayeomba ukaazi wa kudumu Australia. Jana pointi zilimtosha, akawa anasubiri kuitwa na uhamiaji tu. Leo hazimtoshi.

"Puliza basi, kaka, nta inaharibu krimu yangu," nikamwambia. Tulikuwa wapishi wawili tulioishi nyumba moja mjini Hobart, na keki nilikuwa nimeioka kabla sijajua habari ya pointi.

Simu ikalia. Baba yake akatokea kwenye kioo, kutoka kijijini kwao Nepal.

"Keki ya nini hiyo, mwanangu?"

"Si leo nimezaliwa, Baba?"

Mzee akacheka hadi akakohoa. "Hiyo tarehe niliitunga mimi! Wewe ulizaliwa mwaka uliofuata, tukiwa tunapanda mpunga. Mwalimu alikukataa shuleni, eti bado mdogo. Nikakuongezea mwaka mmoja, akakuandika palepale."

Bigyan akanitazama. Nikaangalia sakafu. Vyeti vyake vyote, kuanzia shule ya msingi mpaka chuo cha upishi, vilikuwa na tarehe ile ile.

"Wenzako walikaa nyumbani wakichunga mbuzi," mzee akasema kwa majivuno. "Si nilikuwahisha?"

Bigyan akabana utambi wa kwanza kwa vidole vitupu, kisha wa pili.

"Uliniwahisha, Baba."