Maksai, Raia wa Mji wa Vilima Saba

Katika Mji wa Vilima Saba alikuwako Maksai mwenye kijishamba cha shayiri, na jina moja alilolipenda kuliko shayiri yenyewe: raia. Baragumu la vita lilipolia, aliiacha plau katikati ya shamba akaenda, maana raia hasubiri kuitwa mara mbili. Akapigana miaka na miaka. Akawateka Punda wa ng'ambo, akawafunga kamba kwa meno yake mwenyewe, akawaleta mjini kwa vigelegele.

Kufika nyumbani, akakuta ua mpya umelizunguka shamba lake. Mkewe alikuwa amekufa kwa njaa, na shamba lilikuwa la Nguruwe, mzee wa Baraza, aliyeuziwa na marehemu kwa kibaba cha unga. Waliokuwa wakilima humo ni Punda wale wale.

"Mheshimiwa," Maksai alisema, pembe kaziinamisha, "basi niajiri nilime papa hapa kwangu."

Nguruwe akacheka. "Wewe si raia, bwana? Leo nikufunge plau, kesho uitwe vitani, shamba libaki pori! Mateka haitwi popote."

Maksai akanyoosha shingo. "Basi nifunge kamba, nami niwe mateka."

"Aka! Raia hafungwi, ndugu yangu. Sheria inakuheshimu mno."

Kabla hajajibu, baragumu likalia. Punda hata masikio hawakuyainua. Maksai akageuka polepole, akashika njia ya vitani, kwenda kumletea Nguruwe Punda wengine.