Mrija wa Kwanza

Asubuhi nzima Herménégilde alikuwa akijizoeza kutabasamu. Majirani wa mtaa wa Ngagara walikuja kunywa pombe yake ya ndizi, mara ya kwanza tangu vita viwatenganishe. Wasipokunywa, itambidi ahame.

Kwa pupa ya kuonekana mwema, alimpa jirani mmoja chungu chenye mrija kabla hajaonja mwenyewe. Mwenye pombe huonja kwanza, watu waone haina sumu.

Jirani aliuchomoa mrija, akautazama. Tone moja likaning'inia nchani.



Herménégilde akamnyang'anya mrija, akakivuta chungu, akafyonza harakaharaka. Mrija ukamgonga meno. Akajaribu lile tabasamu lake, mashavu yamejaa pombe.

"Meza basi, muzee," jirani akasema. "Sisi tunaangalia koo."