Mama Asemewa

"Mama, una wakili?" hakimu aliuliza, na mkalimani akalitafsiri swali hilo kwa Ekegusii.

Mama alimnyooshea Omosa kidole, ncha yake nyeusi kwa utomvu wa majani chai. "Wa nini? Mwanangu huyu amesoma. Atanisemea."

Omosa alikuwa amemleta kutoka Manga akimwambia tu kwamba kuna kesi ya shamba. Hakumwambia ni nani anayetaka afukuzwe humo.

Alisimama, shingo ikimwaka moto. "Mheshimiwa, naomba kesi hii ifungwe."

Mama alipotafsiriwa maneno hayo, alitabasamu. "Si nimewaambia?"

Hakimu aliinua macho. "Omosa, wewe ndiwe uliyemshtaki mamako. Kwa nini unaiondoa leo?"

Mkalimani akamwinamia mama tena sikioni.