Kamera Mbele ya Lumbesa

"Zima hiyo!" Stanley alifoka, kiganja chake kimeziba lenzi.

Mwanamke aliyesimama nyuma ya kamera alijiviringisha mtandio vizuri mpaka puani, maana upepo wa Makambako na vumbi lake havina adabu, akasubiri kiganja kichoke.

Kilichoka. Stanley, dalali mpya wa viazi hapo sokoni Lyamkena, alikuwa ameshaonywa kuhusu Erica, yule msanii wa filamu kutoka Dar. Filamu zake hazina maswali wala maelezo. Anasimika kamera, ananyamaza, anaangalia watu wakifanya kazi mpaka wamsahau. Dalali aliyemtangulia Stanley alimsahau, akajaza lumbesa mbele yake. Sasa hana kazi.

Na bila lumbesa, Stanley aliona faida yake inayeyuka. Gunia la haki hushonwa mdomo likiwa sawa. Lumbesa huongezewa wavu juu na madebe mengine ya viazi, likaota kichwa na mabega, halafu mkulima analipwa gunia moja. Ni wizi tu, hata kama umezoeleka na kupewa jina la kuchekesha.

"Dada Erica," Stanley alibembeleza, "nenda hata ukanywe chai. Kidogo tu, tupakie."

Mwanamke akainamia kamera.

Mzee Methusela akapita na mkokoteni wa viazi vyake. "Kamwene," alisalimu. Mwanamke akapiga goti palepale vumbini, akaitikia kwa sauti ya chini, akarudi kwenye kamera.

"Umeshakuwa Mbena kabisa!" Stanley alicheka, lakini jasho lilimtoka kwenye baridi ile. Dereva wa lori alikuwa anapiga honi. Stanley akaokota jiwe. "Nitaivunja hii!"

"Vunja," alisema mwanamke. Akasogea pembeni ampishe.

Wanawake waliokuwa wameketi juu ya magunia wakasimama, mmoja baada ya mwingine, wakamtazama. Stanley alibaki na jiwe mkononi mpaka likamtia aibu. Akalitupa.

"Shoneni yakiwa sawa," aliwaambia wapakiaji, kwa sauti ya mtu aliyefiwa. "Yote."

Lori lilipoondoka na magunia yake bapa, Getruda, mmoja wa wale wakulima, alikuja mbio akicheka.

"Bertila, ungeniua kwa hofu! Na kama angeivunja?"

"Angevunja nini? Imekufa tangu Erica alipotuachia akarudi zake Dar." Bertila alikuwa ameshafungua mtandio, anakunja turubai alilomwagia viazi vyake asubuhi. "Kesho Erica ni wewe. Na huo mdomo wako uufunge."