Paka Wako Amelowa

Ukumbi mzima ulikuwa ukicheka, isipokuwa mchekeshaji mwenyewe.

Clifford Hindle alikaa kiti cha nyuma, jasho likimtiririka. Ilikuwa Jumamosi mchana, viwanda vya pamba vimefungwa, na watu wa Oldham, mji wa Uingereza, walikuwa wamefurika kumtazama yeye, mwenzao wa zamani, akisema na kuimba katika sinema. Filamu ilihusu makabwela waliopelekwa vitani Ufaransa.

Utani mwingi haukuwa wake. Ulikuwa wa Walter, rafiki yake wa kiwandani, aliyekwenda naye vitani asirudi. Na mama yake Walter, Bi Agnes Tattersall, alikuwa mle ndani, viti vichache mbele yake.

Clifford ndiye aliyempelekea habari za msiba. Alimwambia risasi ilimpata Walter kichwani, akaanguka bila hata kuguna.

Bi Agnes alikuwa akicheka mpaka anafuta machozi. Clifford akaanza kupumua.

Kwenye pazia la sinema, askari mlevi, Clifford mwenyewe, akatumbukia katika shimo la matope, akapaza sauti: "Mama, nifungulie! Paka wako amelowa!"

Watu wakaangua kicheko, wengine wakipiga miguu sakafuni. Bi Agnes akanyamaza.

Taa zilipowashwa alimfuata Clifford pale pale kitini. Clifford akajitetea kabla hajaulizwa. Alisema hakukusudia kuiba, hakutaka tu utani wa Walter ufe naye, na kwamba angewaeleza watu wa magazeti ulitoka kwa nani.

"Sikuja kudai utani, mwanangu," Bi Agnes alisema. "Huo mwingine aliusema kilabuni, kila mtu akausikia. Hilo neno la paka lilikuwa letu wawili. Kila akirudi amelewa alikuwa akija kuninong'oneza mlangoni, nami nikishuka kumfungulia. Kwa watu angeona haya."

Clifford akainamisha kichwa.

"Wewe ulilisikia wapi?"

"Kule kule, mama. Alikuwa ndani ya shimo, ng'ambo ya seng'enge. Tulishindwa kumfikia."

Bi Agnes akashika mgongo wa kiti.

"Aliita sana?"

"Mpaka kulipokucha," Clifford alisema. "Mwanzoni sote tulicheka."