Rakia ya Posa

Telesphor alikuwa na rakia mdomoni na hakutaka kuimeza.

Wageni wake wawili, Wabulgaria, walikaa kwenye sofa ndani ya suti zao, wakiyatazama mashavu yake. Petar, kinyozi wa hapo Lewisham, ughaibuni, ndiye aliyekuja kusema. Baba yake, Stoyan, ndiye aliyeipika hiyo pombe kijijini kwao, ambako majirani hupeleka matunda yao ya plamu kwenye mtambo mmoja wa shaba na kuonja pamoja mpaka moto uzimike. Telesphor alipoinusa tu aliijua. Gongo hii, ila imepanda ndege.

Kwao Bukoba, katika ukoo wake, pombe ya posa ikimezwa, mtu ameozwa. Ikitemwa, wageni wanaaga. Aliwaeleza haya mwenyewe, kwa mikogo, kabla hajaonja. Sasa ulimi ulikuwa unawaka.

"Bwana Telesphor," Petar alisema, "Generosa tutamtunza. Nyumba ipo, bustani ipo. Kila Jumamosi anakuja kuchuma nyanya, na wewe unajua."

Telesphor alijua. Alijua na visingizio vyote vya Jumamosi. Lakini ni yeye aliyempokea Generosa uwanja wa ndege, akamnunulia koti la kwanza la baridi, akamfundisha kuvuka barabara kwa taa. Leo amtoe kwa watu wa plamu? Nyumba isiyo na Generosa hakuweza hata kuifikiria. Iliuma kuliko rakia.

Akaionyesha chupa kwa kidole, akainua nyusi.

"Hapana, hatuna ulevi," Petar alijibu haraka. "Kwetu glasi moja inakwenda na saladi, jioni nzima, watu wakitazamana machoni. Anayekunywa peke yake tunamwonea huruma."

Stoyan alijifuta jasho.

Huko jikoni, Generosa alikohoa kikohozi cha mtu asiye na kikohozi.

Machozi yakamtoka Telesphor. Akameza.

"Haya, njoo," aliita, sauti imekauka.

Generosa akatoka na kitenge kipya, macho chini. Petar akainuka upesi, akampisha akae ubavuni mwa Stoyan.

"Mumeo huyo hapo," Telesphor akamwambia mama yake mzazi. "Na mimi sasa, Mama, nitapikiwa na nani?"