Punda na Mguu Uliokwisha Kupona
Zamani wanyama walipokuwa wakitibiana, Punda alivunjika mguu wa kushoto. Mganga wao, Bibi Nungunungu, akampa dawa ya kutuliza maumivu. Mguu ukapona, lakini Punda hakuiacha dawa. Kila asubuhi alimjia mganga akichechemea.

"Niongezee kidogo tu, Bibi. Mguu unaniua."

"Mguu upi?"

Punda akainua wa kulia.

Nungunungu hakucheka. "Mjukuu wangu, sasa kinachokuuma ni dawa yenyewe."

Punda akainamisha kichwa. "Basi nisaidie niiache."

Wakaipunguza tone kwa tone. Punda alitetemeka, akatapika, akamtukana mganga, kisha akamwomba radhi. Mwezi mwingine ulipoandama, alipanda kilima mbio, akihisi kila jiwe chini ya kwato zake, akalia kwa furaha hadi bonde zima likaitika.